Mji wa Kwenye Picha: Sanaa ya Dijitali Inavyotuhusu, Kuanzia Lamu Hadi Isiolo

Mwezi uliopita nilifunga safari kwenda Isiolo kumjulia hali dada yangu. Yeye ni mzaliwa wa Mombasa kama mimi, lakini aliolewa na Mborana miaka ishirini na kitu iliyopita, na tangu hapo makao yake ni mtaa wa Bula Pesa. Kutoka Pwani ni safari ya usiku kucha hadi Nairobi, kisha unapanda matatu ya kupitia Nanyuki na Timau. Ukiwa Timau unavaa sweta kwa baridi ya Mlima Kenya. Baada ya mteremko mfupi unalivua, maana joto la Isiolo linakupokea kama la Kisauni, ila la huku ni kavu na lina vumbi.

Usiku wa kwanza, baada ya Isha, mpwa wangu alikuja kukaa karibu nami akanipa simu yake. "Mjomba, hebu tazama hii."

Ilikuwa picha ya nyanya yake wa upande wa baba, ambaye nyumbani pale wote wanamwita akoo, kwa Kiborana. Ajuza ameketi kwenye kigoda chake kama kawaida, shuka mabegani. Lakini nyuma yake kumesimama majumba marefu ya vioo, nyasi za kijani kibichi, na bwawa la kuogelea la maji ya samawati. Ngamia watatu wanakunywa maji ya bwawa lile. Na shingoni mwa akoo mnaning'inia kitambulisho ambacho mahali pa picha hapana kitu.

"Hii umepiga wapi?" nikauliza.

Akacheka. "Mjomba, hapo hapajajengwa. Huo ndio mji tulioahidiwa."

Baadaye dada akanivuta kando. Kijana ana miaka 21, baba yake anataka akasomee udaktari wa mifugo au ualimu, naye amekataa. Anasema yeye ni msanii wa dijitali. "Kaka, wewe ndiye mtu wa mambo ya kompyuta. Zungumza naye aache mchezo." Mimi nina diploma ya mawasiliano tu, lakini katika ukoo wetu hiyo inatosha kukufanya fundi wa kila kitu chenye skrini. Nikaomba siku mbili za kufikiria. Makala haya ni yale niliyoyafikiria, kwa sababu najua nyumba nyingi za Pwani zina kijana kama huyu na mzazi kama yule.

KOMPYUTA INACHORAJE?

Tuanze na jambo lenyewe. Wengi wetu tukisikia sanaa ya dijitali tunadhani ni kubofya kitufe, mashine ikatoa picha. Si hivyo.

Picha yoyote kwenye simu yako imeundwa kwa vijiraba vidogo mno, mamilioni. Kila kijiraba kina namba tatu: moja ya wekundu, moja ya kijani, moja ya samawati, na kwa kawaida kila namba ni kati ya 0 na 255. Ukiweka zote 0 unapata weusi. Ukiweka zote 255 unapata weupe. Kwa hiyo ndani ya mashine, uso wa nyanya yako, bahari ya Shela na risiti ya duka ni kitu kimoja: orodha ndefu ya namba. Na namba unaweza kuzibadilisha. Hapo ndipo msanii anapoingilia. Anamtoa mtu kwenye picha hii na kumweka kwenye ile, anabadilisha kivuli kifuate jua jipya, anapunguza rangi hapa na kuongeza pale. Hufanya kazi kwa matabaka, mfano wa karatasi za plastiki zinazopitisha mwanga zilizopangwa moja juu ya nyingine. Mpwa wangu alinionyesha matabaka ya picha ya akoo. Yalikuwa 43, na kivuli cha ngamia peke yake kilimchukua siku nzima.

Vibonzo vinavyotembea ni kazi hiyo hiyo mara nyingi zaidi. Sinema ya kawaida hupitisha picha 24 kwa kila sekunde. Filamu ya dakika saba, ukipiga hesabu, ni picha zaidi ya 10,000. Mchoraji anaweza kurudia baadhi, lakini bado ni kazi ya miezi.

Kisha kuna uhalisia pepe. Hapo unavaa kifaa kama miwani mikubwa ya kuogelea, na ndani yake kila jicho linaonyeshwa picha yake. Kifaa kinapima kichwa chako kinavyogeuka, na picha nayo inageuka. Ukitazama juu unaona mbingu, ukigeuka nyuma unaona aliye nyuma yako. Mtazamaji hakai tena mbele ya picha, anaingizwa ndani.

LIKONI NA LAMU WALITANGULIA

Baada ya maelezo hayo shemeji yangu alisema kwa upole kwamba haya ni mambo ya wageni. Nikamwambia shemeji, hapo sikubaliani nawe, maana sisi wa Pwani tulianza zamani.

Ninayo nyumbani picha niliyopigwa Likoni miaka ya 1990, nikiwa mvulana, mimi na marehemu mama. Wasomaji wa rika langu wanavikumbuka vibanda vile vya wapiga picha karibu na feri. Kila mmoja alikuwa na pazia lake la nyuma, limechorwa au kubandikwa vitu: meli kubwa, ndege, majumba, maua. Wateja wengi walikuwa vijana kutoka bara waliokuja kutafuta kazi Mombasa. Walisimama mbele ya meli ya kuchorwa, wakapigwa, na picha ikatumwa kijijini. Kule nyumbani hakuna aliyedhani kijana amenunua meli. Walichosoma ni kwamba yu hai, yuko mjini, na ana matumaini. Mama alichagua pazia la ndege. Hakuwahi kupanda ndege maisha yake yote, Mwenyezi Mungu amrehemu, lakini picha ile aliipenda kuliko zote.

Lamu walikuwa mbele zaidi. Marehemu Omar Said Bakor, aliyezaliwa 1932 na kufariki 1993, aliendesha studio yake Lamu tangu miaka ya 1960. Alijifunza mwenyewe. Kwa mkasi, gundi na ufundi wa chumba cha giza aliweza kumtoa mtu katika picha moja na kumpandikiza kwenye ua, kwenye jani, au kwenye chombo cha mezani. Na haya aliyafanya katika mji ambao baadhi ya wanazuoni walikuwa na shaka kubwa juu ya picha za viumbe, mjadala ambao mpaka leo haujaisha misikitini kwetu. Watafiti kutoka nje wamekuja kuisoma kazi yake na kuiandikia vitabu. Ukiitazama leo unaweza kudhani imefanywa kwa kompyuta. Haikuwa hivyo, kwani hata simu ya mkono ilikuwa haijafika Lamu.

Kwa hiyo kilichobadilika ni kifaa. Swali limebaki lile la Likoni: mimi ni nani, nimesimama wapi, na nyuma yangu niweke nini?

MSANII WA MKOROGO NA WA NAIROBI

Ili nisizungumze hewani, nikamtafutia mpwa wangu na baba yake mfano wa Mkenya aliyeishi kwa kazi hii. Nilimchagua Ng'endo Mukii.

Huyu ni mtengenezaji filamu za vibonzo na za uhalisia pepe. Alisoma Rhode Island School of Design huko Marekani, kisha Royal College of Art, London. Mwaka 2012 alitoa filamu fupi iitwayo Yellow Fever, ambayo imezunguka katika matamasha mengi ya filamu duniani. Ndani yake amechanganya michoro inayotembea, watu wanaocheza ngoma kwa miili yao, na sauti za mazungumzo ya watu wa familia yake. Kiini chake ni neno ambalo sisi waswahili tunalijua vizuri: mkorogo.

Anamkumbuka mwanamke aliyejichubua, uso umekuwa mweupe lakini vifundo vya vidole vimebaki na rangi yake ya asili. Kisha tunamsikia mtoto mdogo wa ukoo wake akieleza, bila kuona haya, kwamba angependa kuwa na ngozi nyingine. Hapo ndipo filamu inapouma. Mtoto hakufundishwa hayo na mama yake. Ameyanyonya kwenye televisheni, kwenye matangazo, na kwenye wanasesere wa dukani.

Nani Pwani haijui habari hii? Tumehudhuria harusi ambazo bibi harusi alifungiwa ndani wiki nzima apakwe krimu, akatoka na uso usiofanana na wa mama yake. Krimu zenye zebaki na haidrokwinoni zimepigwa marufuku Kenya kitambo, lakini bado zinauzwa kwa siri. Na leo hata krimu hauhitaji: simu zenyewe zina kichujio kinachokuchubua kabla hujabofya. Binti anaona uso wake uliong'arishwa mara mia kwa siku, halafu anajitazama kwenye kioo anaona amepungukiwa. Mukii alitumia teknolojia ya picha kuonyesha madhara ya picha. Mimi nimehudhuria mawaidha mengi kuhusu mkorogo, na nakiri kwamba filamu ile ya dakika chache ilinigusa kuliko mengi ya hayo.

Miaka kadhaa baadaye alitengeneza Nairobi Berries, kazi ya uhalisia pepe, katika mradi ulioandaliwa na shirika la Electric South la Cape Town. Watu watatu wanavutana, kila mmoja akidhani ndoto zake hazitatimia mpaka amkombe mwenzake, na mji wa Nairobi unaning'iniza matunda ambayo mkono haufikii. Yeyote aliyetoka Mombasa, Lamu au Isiolo kwenda Nairobi kutafuta riziki hahitaji kufafanuliwa zaidi. Katika mradi huo huo kundi la The Nest Collective la Nairobi lilitoa Let This Be a Warning, mwaka 2017: Waafrika wamehama dunia na kuanzisha makao yao katika sayari ya mbali, kisha anafika mgeni ambaye hakualikwa. Mgeni huyo ni wewe uliyevaa kifaa. Wanakutazama wao, wanakuhoji kwa macho. Nilimwambia shemeji hiyo ndiyo hali ya mtu wa kaskazini au wa Pwani anaposimama mbele ya meza ya kuomba karatasi za serikali. Alicheka, lakini akanyamaza kidogo.

Na kuhusu riziki: mwaka 2023 kampuni ya Disney ilirusha mkusanyiko wa filamu fupi kumi za vibonzo kutoka Afrika, jina lake Kizazi Moto, kwa Kiswahili. Mmoja wa waongozaji ni Mukii huyo huyo, na filamu yake inaitwa Enkai, jina la Mungu kwa Wamaasai. Shemeji aliuliza, "Disney ile ya televisheni?" Ile ile.

Hayuko peke yake. Osborne Macharia, aliyesomea usanifu majengo kabla ya kushika kamera, hupiga picha za wazee kwa vipaji vya mavazi na miwani ya ajabu, kisha huwatungia historia ambazo hazikuwahi kutokea. Katika mfululizo wake wa Nyanye, mabibi wamekuwa waliokuwa viongozi wakubwa wa miaka ya 1970. Tahir Carl Karmali, mzaliwa wa Nairobi, mwaka 2014 alitoa mfululizo aliouita Jua Kali, picha za watu zilizounganishwa na vyuma na makorokoro ya mafundi wetu. Na Jepchumba, Mkenya mwingine, alianzisha mtandao wa African Digital Art ili kazi za namna hii kutoka bara zima zionekane mahali pamoja.

Mpwa wangu alikuwa anawajua wote. Ni sisi wazee tuliokuwa tunajulishwa.

PAZIA LA ISIOLO

Sasa turudi kwenye picha ya akoo, maana haikutoka hewani.

Tarehe 2 Machi 2012, Rais Mwai Kibaki, Waziri Mkuu Meles Zenawi wa Ethiopia na Rais Salva Kiir wa Sudan Kusini walikutana Lamu kuzindua mradi wa LAPSSET: bandari, barabara, reli, bomba la mafuta, viwanja vya ndege na miji ya mapumziko ya watalii. Miji hiyo ilipangwa iwe mitatu: Lamu, Isiolo na Turkana. Ndiyo maana nasema sisi na watu wa Isiolo ni ndugu wa mradi mmoja. Kamba inaanzia kwetu, inapita kwao.

Pamoja na mradi zikaja picha. Majumba marefu, mabwawa, nyasi, magari yanayong'aa. Picha hizo zilichorwa kwa kompyuta na wasanifu, kwa mbinu zile zile anazotumia mpwa wangu. Kwa hiyo kazi ya kwanza kubwa ya dijitali ambayo watu wa Isiolo waliiona juu ya mji wao haikuchorwa na mtu wa Isiolo. Na kama wengi wa watu wale wa kwenye michoro ya wasanifu, waliokuwa wakitembea pembeni mwa mabwawa hawakufanana na akoo, wala hapakuwa na ngamia.

Sisemi hakuna kilichofanyika. Barabara ya lami kutoka Isiolo hadi Moyale imekamilika, na kijana aliyekuwa akitumia siku mbili juu ya lori sasa anafika siku hiyo hiyo. Uwanja wa ndege wa kimataifa wa Isiolo ulifunguliwa 2017, ingawa ndege zake bado ni chache. Lamu gati la kwanza lilifunguliwa Mei 2021. Lakini mji wa vioo haupo. Kilichotangulia kufika ni bei za ardhi na migogoro ya mipaka ya viwanja, kwa sababu picha nzuri ya mahali humfanya mtu wa mbali atake kupanunua.

Lamu tuliliona hilo baharini. Kwenye ramani za bandari, sehemu za wavuvi zilikuwa rangi ya samawati tupu, kana kwamba hakuna anayezitumia. Wavuvi walikwenda mahakamani, na mwaka 2018 Mahakama Kuu iliamuru karibu wavuvi 4,600 walipwe fidia ya shilingi bilioni 1.76. Picha ilisema hapana watu. Mahakama ikasema wapo.

Huko Likoni mama alichagua pazia mwenyewe na akalipia. Isiolo na Lamu tulishushiwa pazia na mtu mwingine, tukaambiwa tusimame. Alichofanya mpwa wangu ni kuingia katika picha ile na kumweka nyanya yake mbele kabisa, na ngamia wake wakanywa maji ya watalii. Nilipouelewa mzaha huo niliona kwamba si mchezo.

KITAMBULISHO KISICHO NA PICHA

Na kile kitambulisho kitupu? Kijana alinieleza kwamba alingoja muda mrefu kukipata cha kwake, akiulizwa maswali ambayo rafiki zake wa mikoa mingine hawakuulizwa. Mimi nikakumbuka yangu. Nilipofikisha miaka 18 niliambiwa na karani mmoja nilete cheti cha babu yangu. Babu alizaliwa enzi ambazo cheti cha mtu kilikuwa ni kumbukumbu ya mkunga na mvua za mwaka ule.

Isiolo ina historia ndefu ya jambo hili. Enzi za mkoloni eneo la kaskazini lilikuwa limefungwa, na huwezi kuingia wala kutoka bila kibali. Isiolo ilikuwa lango lake. Mpaka leo utawasikia wazee wa kaskazini, wanaposafiri kwenda Nairobi, wakisema wanakwenda Kenya. Ndani ya mji wenyewe wamo Waborana, Wasomali, Waturkana, Wasamburu, Wameru, na waswahili kama dada yangu. Sensa ya 2019 ilihesabu watu 268,002 katika kaunti nzima, ambao ni wachache kuliko wa baadhi ya maeneo bunge ya Nairobi, lakini mahali pachache utasikia lugha nyingi hivyo katika soko moja.

Februari 2025 Rais alitangaza kuondolewa kwa ule uhakiki wa ziada kwa wakazi wa kaskazini wanaoomba vitambulisho. Ni hatua ya heri. Lakini teknolojia nayo ina mitego yake. Huko kaskazini mashariki kuna maelfu ya Wakenya ambao alama zao za vidole ziliingia katika rejista ya wakimbizi, wengine wakiwa watoto wakati wa njaa, familia zikitafuta chakula. Walipokua wakaomba kitambulisho, mashine ikasema: huyu ni mkimbizi. Mashine haikusema uongo kuhusu kidole. Haikujua tu kisa cha kidole kile. Kisa hukihadithia binadamu, na hapo ndipo msanii ana kazi.

MASHINE INAYOCHORA YENYEWE

Shemeji alikuwa na swali moja la mwisho, na lilikuwa zuri: "Si sasa kuna akili bandia? Kwa nini mtu apoteze siku nzima kuchora kivuli cha ngamia?"

Tukajaribu pale pale. Kijana akaiandikia programu moja: mji wa kaskazini mwa Kenya. Ikatoa vibanda vya udongo, mtu mwenye mkuki, na jua linazama. Hakuna msikiti, hakuna duka la M-Pesa, hakuna madebe ya maziwa ya ngamia yanayopakiwa kwenye mabasi alfajiri kupelekwa Eastleigh, ambayo ni biashara kubwa ya akina mama wa Isiolo. Akoo alipooneshwa aliuliza, "Huku ni wapi?"

Sababu ni rahisi. Programu hizi hufundishwa kwa kulishwa mamilioni ya picha pamoja na maelezo yake kutoka intaneti, kisha hukisia. Picha nyingi za kaskazini mwa Kenya zilizoko intaneti zimepigwa na watalii na wanahabari wa safari fupi. Mashine inarudisha ilicholishwa. Na tukumbuke kwamba hata ulishaji huo mikono yetu imo: jarida la TIME liliripoti Januari 2023 kwamba vijana wa Nairobi walilipwa chini ya dola 2 kwa saa kusoma na kutenga maandishi machafu ili mfumo wa akili bandia uwe salama kwa watumiaji. Tumeisafisha mashine, na bado haitujui.

Kama watu wa Isiolo na Lamu hawatajichora wenyewe, mashine zitaendelea kuwachora kwa kukisia.

NILICHOWAAMBIA

Siku ya pili, baada ya Alasiri, tulikaa sote chini ya mwarubaini. Sikumwambia shemeji amwachie kijana afanye atakavyo, wala sikumwambia kijana aache. Niliwaambia haya.

Kwanza, hii ni kazi na ina shule yake. Vyuo vyetu vya ufundi na vyuo vikuu vinafundisha usanifu wa michoro na utengenezaji wa filamu. Mtu anaweza kuanza bila kulipa kitu: Blender ni ya vibonzo, Krita ni ya kuchora, GIMP ni ya kurekebisha picha, na zote ni za bure kisheria. Kinachohitajika ni kompyuta yenye nguvu kiasi na subira nyingi.

Pili, kipato hakiji haraka. Msanii anayeanza anakula kwa kazi za harusi, mabango na nembo za maduka, na sanaa yake anaifanya usiku. Kijana alikubali kutafuta cheti cha usanifu wa michoro mjini huku akiendelea na kazi ya studio anayoshikilia. Baba yake alikubali mwaka mmoja, kisha waangalie.

Tatu, uso wa mtu ni amana. Sheria ya Ulinzi wa Data ya 2019 inahesabu picha ya mtu kuwa taarifa yake binafsi, na dini yetu ilitufundisha kuhifadhi heshima ya mtu kabla ya sheria hiyo. Usimtumie mtu bila idhini yake. Na picha ya kubuni iseme kwamba ni ya kubuni, isije ikasambazwa kwenye makundi ya WhatsApp kama habari. Katika mji wenye makabila mengi kama Isiolo, picha moja ya uongo inaweza kumwaga damu.

Nne, kazi yako isajili. Bodi ya Hakimiliki ya Kenya, KECOBO, ipo kwa ajili hiyo. Bakor alikuwa na studio na watu walijua picha ni zake. Ya mtandaoni inaibwa kabla hujamaliza chai.

Hapo kwenye idhini ndipo tulipogundua kwamba akoo mwenyewe hakuwa ameulizwa. Kijana akainamisha kichwa. Akamkaribia, akapiga magoti, akampa simu.

Akoo aliitazama kwa muda mrefu. Aliwatambua ngamia wake, akawataja mmoja mmoja. Kisha akasema jambo kwa Kiborana, wote wakacheka, na dada akanitafsiria: "Anasema majumba ni mazuri, lakini mbona hamkumwekea mti wa kivuli? Ataketije juani na uzee huu?"

Usiku ule mpwa wangu hakulala mapema. Alikuwa anauchora mwarubaini.